Huduma ya Kituo cha Volkano cha Goma, kwa mtu anayeifuatilia kutoka Kigoma

Mdogo wangu ameolewa Goma, mashariki mwa Kongo, na nyumba yake ipo mtaa wa Majengo, katika mji ambao kuta na nyuzio nyingi hujengwa kwa mawe meusi yenye matundu yaliyotoka mlimani. Mimi nafanya biashara ya dagaa na mawese hapa Kigoma, na elimu yangu ya miamba iliishia kwenye Jiografia ya kidato cha nne. Hata hivyo, tangu Mei 2021 nimekuwa mfuatiliaji wa karibu wa Kituo cha Uangalizi wa Volkano cha Goma, ambacho wenyeji hukiita OVG kwa herufi za jina lake la Kifaransa. Kila taarifa yake inayonifikia naisoma, naihifadhi, na mara nyingi namweleza mama yangu yaliyomo, kwa kuwa hapati usingizi akisikia jina la mlima wa volkano wa Nyiragongo redioni. Hapa Kigoma na Kasulu tuko wengi wenye ndugu Kivu, na maswali ninayoulizwa sokoni ni yaleyale kila mara. Ndiyo maana nimeona niandike tathmini yangu ya huduma hiyo, nikieleza inafanya nini, inapungukiwa wapi, na mtu aliye mbali aitumieje.

Kwanza ieleweke ukubwa wa kazi yenyewe. Kituo kilianzishwa mwaka 1986, na jukumu lake kuu ni kuiangalia milima miwili ya safu ya Virunga ambayo bado ni hai kabisa: Nyiragongo, wenye kimo cha meta 3,470, na Nyamulagira, wenye meta 3,058. Nyamulagira ni mpana na kwa sura ni mpole, lakini umelipuka zaidi ya mara 40 tangu mwishoni mwa karne ya 19, na mara nyingi lava yake humwagika ndani ya Hifadhi ya Virunga, mbali na makazi. Nyiragongo ndio unaotunyima raha. Kilele chake kipo chini ya kilomita 20 kutoka mjini, na ndani ya kasoko yake, yenye upana unaozidi kilomita moja, kumekuwa na ziwa la lava kwa vipindi virefu tangu mtaalamu wa volkano Haroun Tazieff alipolishuhudia mwaka 1948. Lava hiyo ina madini ya silika kidogo sana, kwa hiyo hutiririka upesi kupita kawaida. Mtu wa Kigoma ataelewa nikisema kwamba lava ya milima mingi ni kama mawese yaliyoganda asubuhi ya baridi kule Kasulu, ambayo unayachota kwa kijiko, ilhali ya Nyiragongo ni kama mawese yaliyoshinda juani, ambayo ukiinamisha dumu tu yamekwisha kufika mlangoni. Tarehe 10 Januari 1977 ubavu wa mlima ulipasuka, na ziwa zima la lava likamwagika kwa muda usiofika saa moja, likapita vijijini kwa kasi ambayo mtu hawezi kuikimbia. Idadi ya waliokufa siku ile hutajwa kwa tofauti kubwa, kuanzia makumi hadi mamia.

Katika upimaji ndipo ninapokipa kituo alama za juu. Jambo la msingi ni mitetemo. Vipima-tetemeko vimewekwa kuzunguka milima na pembezoni mwa Ziwa Kivu, na kila kimoja hutuma Goma kile kinachokisikia. Mwanzoni nilidhani tetemeko ni tetemeko tu, kumbe sivyo. Mwamba unapokatika, chombo huchora mstari unaoanza ghafla kwa ncha kali kisha unafifia, kama mlio wa ukuni mkavu unaovunjwa. Magma, yaani mwamba ulioyeyuka chini ya ardhi, au gesi inaposukumana ndani ya mipasuko, mstari huwa na mawimbi marefu yanayopanda polepole, na mwendo huo ukiwa wa mfululizo, chombo huchora mtetemo usiokatika kwa saa nyingi au hata siku kadhaa. Shemeji yangu aliwahi kunitumia kwa simu picha ya mchoro wa namna hiyo. Nilipoikuza niliona mistari imejazana, hakuna nafasi nyeupe kati ya mmoja na mwingine, mpaka karatasi ikaonekana kama imepakwa masizi. Mtaalamu hatazami ukubwa wa tetemeko peke yake. Hutazama aina yake, kina chake, na zaidi ya yote iwapo vitovu vinahama kutoka chini ya mlima kuelekea mahali pengine. Katika muongo wa 2010 mtandao huu uliimarishwa kwa ushirikiano na wanasayansi wa Ubelgiji na Luxembourg, ukapata vyombo vinavyotuma kumbukumbu papo kwa papo, jambo ambalo eneo lile halikuwahi kuwa nalo.

Pamoja na mitetemo, kituo hupima uvimbe wa ardhi. Mitambo ya GPS iliyosimikwa juu ya mwamba huonyesha iwapo sehemu mbili zimesogeana au kuachana, hata kwa milimita chache, na rada za setilaiti hulinganisha picha za eneo lilelile zilizopigwa kwa siku tofauti ili kuonyesha ardhi imepanda au imeshuka wapi. Gesi ya salfa inayotoka kwenye kasoko hupimwa kwa vyombo vinavyosoma mwanga wa jua unaopita ndani ya moshi. Joto la nyufa za kale hupimwa kwa mkono, kwa watu kwenda wenyewe na kipimajoto. Na kwa kuwa ziwa la lava hupanda na kushuka, wataalamu wamekuwa wakipanda mlima kulitazama kwa macho, kazi ambayo katika nchi yenye makundi ya wenye silaha msituni si ya kuichukulia kirahisi. Vituo vya mbali vimewahi kuharibiwa na kuporwa betri na paneli za jua. Kila ninaposoma kwamba kituo fulani hakitoi habari, nakumbuka kwamba nyuma ya sentensi hiyo fupi yupo fundi anayetafakari iwapo njia ya kwenda huko inapitika na iwapo atarudi salama.

Thamani ya kazi hii haiko katika chombo kimojakimoja. Mitetemo ikiongezeka huku ardhi ikiwa haijavimba na gesi ikiwa ya kawaida, maana yake ni moja. Vyote vitatu vikibadilika pamoja, maana yake ni nyingine kabisa. Taarifa nzuri za OVG ni zile zinazovitaja vyote kwa pamoja, kisha zinasema wazi hitimisho limejengwa juu ya nini. Naziamini hizo kuliko maneno ya mtu yeyote anayetaja tarehe ya mlipuko.

Watu hupenda kupima kituo cha volkano kwa swali moja: je, kilitabiri? Ningependa kulijibu kwa kurejea milipuko miwili, kwa sababu swali lenyewe linahitaji kurekebishwa.

Tarehe 17 Januari 2002 nyufa zilifunguka ubavuni upande wa kusini, lava ikapita katikati ya Goma hadi ikaingia ziwani, ikafunika sehemu ya njia ya kurukia ndege na kuacha zaidi ya watu laki moja bila makazi. Mamia ya maelfu walivuka mpaka kwenda Gisenyi, Rwanda. Wakati huo vipima-tetemeko vilivyokuwa vikifanya kazi vilikuwa viwili tu, na nchi ilikuwa vitani. Hata hivyo Dieudonné Wafula, mtaalamu wa matetemeko wa Kongo, alikuwa ameziona dalili na kuzitaja kabla ya siku yenyewe. Onyo lilikuwepo, ila halikupata mkono wa kulipokea na kuligeuza kuwa magari, njia na mahali pa kulala. Wapo waliokufa lava ikiwa imeshapita, katika mlipuko wa kituo cha mafuta.

Jumamosi ya tarehe 22 Mei 2021 mambo yalikuwa kinyume chake. Vyombo vilikuwa vingi na bora kuliko vya 2002, lakini dalili hazikuonekana. Ilikuwa saa mbili usiku kwa saa za Kigoma nilipopokea simu ya mdogo wangu. Hakunisalimu. Alisema, "Dada, anga limekuwa jekundu, na watu wote wako barabarani." Nyuma yake nilisikia honi, watoto wakilia, na mtu akiita jina moja tena na tena. Alitoka na watoto wawili, godoro na mfuko wa vyeti, akaelekea mpakani. Lava ilishuka mpaka Buhene, karibu na uwanja wa ndege, ikakata barabara ya Rutshuru, ikasimama. Zaidi ya watu 30 walikufa, wengine katika ajali za barabarani wakati wa kukimbia, wengine kwa gesi walipojaribu kuvuka lava iliyokuwa bado inapoa.

Lawama zilikuwa nyingi, na sehemu yake ina msingi. Ufadhili wa Benki ya Dunia ulikuwa umekwisha mwaka 2020, na kwa miezi kadhaa kituo hakikuweza kulipia intaneti ya vituo vyake vya mbali. Intaneti ilikuwa imerejea wiki chache tu kabla ya mlipuko. Kuuacha mji mkubwa namna ile ukikosa habari za mlima kwa sababu ya ankara ya intaneti ni jambo linaloniuma mpaka leo, na sioni udhuru wake kwa serikali wala kwa wafadhili. Hata hivyo uchunguzi wa kisayansi uliochapishwa mwaka 2022 ulionyesha jambo ambalo wengi hawakulisikia: magma ilikuwa tayari karibu sana na uso wa ardhi, ukuta wa mlima ukachoka na kupasuka, na dalili za wazi zilianza kuonekana makumi ya dakika tu kabla ya lava kutoka. Haikuhitaji kusafiri kutoka kina kirefu, kwa hiyo haikupiga hodi. Hata kama vyombo vyote vingekuwa vinatuma habari bila kukatika, watu wa Goma wangepata muda usiofika saa moja. Mtu anayekihukumu kituo kwa siku ile ayaweke mambo yote mawili mezani.

Ambacho mimi nakisifu ni siku zilizofuata. Lava ilikuwa imesimama, watu wameanza kurudi, na ndipo ardhi ikaanza kutikisika mfululizo, nyufa zikafunguka barabarani mjini. Mitetemo na picha za setilaiti zilionyesha kwamba mshipa wa magma ulikuwa unajipenyeza chini ya mji wa Goma na chini ya Ziwa Kivu, kwa urefu unaozidi kilomita 20 kutoka mlimani. Hatari iliyokuwa mbele yao ilikuwa ya namna mbili: lava kufunguka katikati ya makazi, au magma kukutana na maji na gesi za ziwani. Tarehe 27 Mei gavana wa kijeshi aliamuru mitaa 10 kati ya 18 ya Goma ihame, na watu wapatao laki nne wakaondoka kwenda Sake, Bukavu na Rwanda. Magma haikutoka. Mwezi Juni watu walianza kurudishwa kwa awamu. Wapo waliosema kwamba uhamisho ule ulikuwa wa bure kwa sababu hakuna kilicholipuka. Mimi sikubaliani nao hata kidogo. Mtu akikuambia kwamba chini ya kitanda chako pana moto, kisha moto huo ukazimika wenyewe, hakukudanganya. Na ni vizuri kukumbuka kwamba kituo hutathmini hatari, lakini kuamuru watu wahame ni kazi ya serikali. Watu wengi huchanganya ofisi hizi mbili, wakailaumu moja kwa kosa la nyingine.

Udhaifu wa huduma nzima upo kati ya ofisi na mlango wa nyumba, na hapo naomba nieleze kilichotupata. Mdogo wangu alipofika Sake alilala kanisani na mamia ya wengine. Usiku wa pili ilisambaa katika kikundi kimoja cha simu sauti iliyorekodiwa, isiyotaja jina la msemaji, ikidai kwamba ziwa lingelipuka kabla ya alfajiri na kwamba wataalamu walikuwa wanaficha. Sauti ile ilikuwa ya Kiswahili safi, tulivu, ya mtu anayejiamini. Mdogo wangu aliondoka saa sita usiku kwa miguu kuelekea Minova, mvua ikinyesha, mtoto mdogo mgongoni. Mtoto huyo aliugua homa ya mapafu na tulikaa wiki tatu tukiomba Mungu. Taarifa rasmi ya siku ileile haikusema lolote la namna ile, lakini iliandikwa kwa Kifaransa, katika kurasa zenye maneno ambayo hata shemeji yangu, aliyesoma, alilazimika kuyarudia mara mbili. Uongo uliwahi kwa sababu ulisema lugha ya nyumbani.

Hilo ndilo pendekezo langu kubwa. Goma ni mji wa Kiswahili. Mama muuza ndizi wa Birere, kijana wa chukudu, ile baiskeli ya mbao ya kubebea mizigo, anayeshusha magunia ya viazi kutoka Kibumba, mlinzi wa usiku, wote huongea Kiswahili. Watu wa mji huo ndio walioipa gesi inayoua mabondeni jina la mazuku, neno ambalo wanasayansi wa dunia nzima sasa wanaliandika kama lilivyo. Lugha iliyowapa wataalamu neno hilo inaweza kabisa kubeba taarifa ya wiki. Taarifa ya Kifaransa ibaki kwa ajili ya wizara na wafadhili, na pembeni yake iwepo sauti ya dakika mbili kwa Kiswahili, yenye jina la msemaji na tarehe, inayoweza kupita katika vikundi vilevile vya simu vinavyopitisha uongo.

Kuna kitu kimoja kilichobuniwa vizuri na kinachofika bila lugha yoyote, nacho ni rangi. Kiwango cha tahadhari hutangazwa kwa rangi nne, na huonyeshwa hadharani mjini. Kijani ni hali ya kawaida. Njano ni kuwa macho, na ndiyo rangi ambayo Goma imeizoea kwa sababu mlima ule haulali. Rangi ya machungwa humaanisha kwamba dalili zimeongezeka na watu wajiandae, na nyekundu ni mlipuko unaokaribia au ulioanza. Mama mkwe wa mdogo wangu hajui kusoma, lakini akipita njiani hutazama rangi kwanza kama mkulima anavyotazama mawingu. Tatizo la rangi ni moja tu, nalo si dogo: mtu aliyeishi kwenye njano miaka kumi huacha kuiona. Ndiyo maana naona rangi haitoshi bila sentensi moja inayosema nini kimebadilika tangu wiki iliyopita.

Sehemu ya huduma ambayo haipati sifa inayostahili ni maonyo ya mambo madogo yasiyo na moto. Mazuku ni hewa ukaa inayotoka kwenye nyufa za ardhi na, kwa kuwa ni nzito kuliko hewa ya kawaida, hutuama katika mabonde na mashimo kama maji yasiyoonekana. Haina harufu wala rangi. Mbuzi huingia bondeni asubuhi na kuanguka. Mtoto anayemfuata huanguka pia, kwa sababu kichwa chake kipo chini kuliko cha mtu mzima. Kituo huyapima maeneo haya na kuonya yaepukwe hasa alfajiri, kabla upepo haujavuma. Kisha kuna maji. Moshi wa mlima hubeba asidi na floridi, nayo hushuka na mvua hadi kwenye mabati na matangi ambayo familia nyingi huyategemea. Kwa mdogo wangu, mirija inayotoka paani ina kipande kinachochomolewa, na moshi ukielemea upande wao anakichomoa mvua zinapoanza, akaacha maji ya kwanza yamwagike chini. Alifundishwa hivyo na taarifa ya kituo, si shuleni. Watoto wa vijiji vingine vya pembezoni mwa mlima wana madoa ya kahawia kwenye meno kwa sababu ya floridi ya miaka mingi.

Kwa sisi wa Kigoma, pengine kipengele kinachotugusa zaidi ni cha ziwa. Zamani sana, kabla volkano za Virunga hazijainuka na kuziba bonde la ufa, maji ya eneo lile yalikwenda kaskazini. Lava iliyaziba, Ziwa Kivu likajaa, likatafuta njia ya kusini, na tangu hapo linamwagika kupitia Mto Ruzizi hadi Ziwa Tanganyika. Maji tunayoogelea Katonga yamechanganyika na yaliyopita chini ya milima hiyo. Na kuna jambo jingine ambalo wengi bandarini hawalijui: meli yetu ya Liemba, ambayo Wajerumani waliileta kwa vipande na kuishusha majini Kigoma mwaka 1915, iliitwa kwanza Graf von Götzen, na Götzen huyo, msafiri wa Kijerumani, ndiye aliyepanda Nyiragongo mwaka 1894 alipopita Kivu. Nimepita kando ya meli ile maisha yangu yote kabla ya kujua kwamba jina lake la kwanza lilishafika kwenye kasoko ninayoiogopa.

Ndani ya Kivu, katika vilindi vyake, kumeyeyuka takriban kilomita za ujazo 300 za hewa ukaa na 60 za methani. Zinatulia kule chini kwa sababu maji ya juu yanazikandamiza. Kilichotokea Ziwa Nyos, Kamerun, tarehe 21 Agosti 1986, ambapo hewa ukaa ilifumka usiku na kuua watu wapatao 1,700, ndicho kinachofanya wataalamu wa Goma wapime ziwa kwa bidii ileile wanayoipima milima. Nimeulizwa mara nyingi iwapo gesi hiyo inaweza kutufikia kwa njia ya Ruzizi. Kinachoshuka na mto ni maji ya juu ya ziwa, na gesi imefungwa vilindini. Mtu wa Kigoma asipoteze usingizi kwa hilo. Hatari ya hapa kwetu ni nyingine: sisi pia tupo juu ya bonde la ufa. Alasiri ya Jumatatu, tarehe 5 Desemba 2005, tetemeko la kipimo cha 6.8 lilitokea chini ya Ziwa Tanganyika, na nakumbuka madumu ya mawese yalivyogongana dukani kwa mama, moja baada ya jingine, kama yanasukumwa na mtu aliyejificha nyuma. Nchini kwetu Taasisi ya Jiolojia na Utafiti wa Madini ndiyo yenye jukumu la matetemeko na la volkano ya Ol Doinyo Lengai, na ningefurahi kuona taarifa zake zikisomwa hapa kwa hamu ambayo nimejifunza kutoka Goma.

Mtu akitaka alama, kwa upimaji nakipa kituo nyota nne kati ya tano, nikizingatia vita na uhaba wa fedha; kwa uaminifu wa maneno, nne; kwa kumfikia mtu wa kawaida, mbili. Tangu Goma ilipotekwa na waasi wa M23 mwishoni mwa Januari 2025, kazi inafanyika katika mazingira magumu zaidi. Kwa aliye mbali, nashauri atafute taarifa yenye tarehe na jina la kituo, asome kwanza rangi, kisha atafute maneno yanayosema kilichobadilika, na asimtumie ndugu yake sauti yoyote isiyo na mwenyewe hata kama imetoka kwa mtu anayempenda.

Mwaka jana niliandika kwa Kiswahili, kwenye ukurasa mmoja, maana ya zile rangi nne, saa za kuepuka mabonde yenye mazuku, namna ya kuachia maji ya kwanza ya mvua, na mahali ambapo familia yetu itakutana ikipotezana. Mdogo wangu aliuchapisha katika duka la mtaani akaubandika nyuma ya mlango wa jikoni, na mjukuu humsomea bibi yake kila rangi inapobadilika. Wiki hiyohiyo aliniandikia kwamba majirani wameomba nao, na kwamba amekwisha kutoa nakala saba.